Kigoda Chini ya Kitovu

Mitundu,
28 Aprili 2025

Mama mkwe mpendwa,

Shikamoo mama. Natumaini barua hii itakukuta mzima, goti limepunguza ukorofi, na ndege hawajautangulia uwele shambani. Huku Mitundu mimi sijambo kiasi. Alizeti zimeinamisha vichwa lakini mbegu ni nyembamba, maana mvua ilituacha Machi na haikuaga.

Najua utashangaa kupata barua wakati simu ipo. Sikuthubutu kulisema jambo hili kwa sauti. Mama, Kigoda kiko huku. Kiko mwilini mwangu.

Nimekiona jana nikioga. Kiko chini ya kitovu, cheusi, hakizidi kiganja: kiti cha mviringo na miguu mitatu, kilekile alichonionyesha Joshua begani mwake tulipooana. Nilikisugua nikidhani ni masizi ya jikoni. Kikasogea. Kilijivuta pembeni kama mtu anayempisha mwenzake kwenye benchi la kanisani, na nilipoondoa mkono kikarudi mahali pake.

Joshua aliondoka hapa juma lililopita, baada ya Pasaka, kurudi kwenye duara lenu, lile shimo la dhahabu. Kama Kigoda kiko kwangu, basi amerudi bila kitu, na najua wachimbaji wenu hawashuki shimoni mpaka wakione kimekaa kwenye gogo la kuzuia ukuta. Nimempigia simu, anasema kazi inakwenda vizuri. Inakwendaje vizuri?

Mimi si wa damu yenu na sikukulia na mambo haya. Kwetu Unyambwa alama ya ukoo ilikuwa ya mizinga ya nyuki, nayo ilikufa enzi za babu kwa sababu watu waliacha kuipa tonge la kwanza. Kwa hiyo tangu jana nakigusisha tonge hapo tumboni kabla sijala. Sijui kama ndivyo inavyotakiwa. Niambie nifanye nini, mama, maana usingizi umenikimbia.

Barua nampa Paskali, kondakta wa basi, ataiacha dukani kwa Ramila mjini Singida, kama ulivyonielekeza zamani.

Mkweo,
Lea


Sekenke,
6 Mei 2025

Mkwe wangu Lea,

Marahaba mwanangu. Goti linauma, ndiyo kazi lililoichagua. Uwele tumeuwahi kabla ya ndege, ila ni wa kulia uji tu, ugali tutauota.

Ulifanya vyema kuandika. Kigoda kina masikio kuliko jirani yangu, na kikisikia kinazungumzwa hakitulii. Lakini kusoma hakijui, namshukuru Mungu kwa hilo. Mchungaji wetu hapendi mambo haya, anatusema kila Jumapili, na huku nyumbani kwao wanayo alama ya mbuzi inatembea ukutani mchana kweupe.

Sasa nisikilize vizuri. Kile si cha kuoga nacho. Marehemu baba mkwe wako, Abraham, alikibeba begani miaka yote. Asubuhi anapaka mkono mafuta ya alizeti, anakipitisha kwenye gogo la tatu kule chini, jioni anakirudisha begani anakuja nacho nyumbani. Kikikaa wima, magogo ni mazima, watu wachimbe. Kikilala ubavu, watu watoke, wasiulize swali. Tangu niolewe hapa kimelala mara mbili, na mara zote mbili watu walitoka, ardhi ikaporomokea shimo tupu. Maduara mengine ya mlima huu yamekula watoto wa watu. La kwetu halijala mtu.

Nilimuuliza Joshua kwa kuzungukazunguka. Akasema, "Mama, kiko gogoni, uliza akina Marko." Nikamuuliza Marko. Akasema kipo, tena siku hizi kimetulia kuliko zamani, hakitikisiki hata kidogo. Sisi wanawake hatushuki kule, kwa hiyo siwezi kwenda kuona kwa macho yangu. Lakini vigoda viwili sijapata kusikia. Kama kiko kwako, basi mwanangu anashuka na watu saba kwenye shimo kipofu, na ananidanganya mimi niliyemtoa tumboni.

Panda basi, mwanangu, njoo nacho. Joshua atapaka mafuta mkononi, ataweka mkono hapo kilipo, kitapita chenyewe. Wala usiogope kwamba kitakuacha na jeraha. Abraham alikuwa akisema kile hakishiki kitu, kinaona tu. Basi kirudi kwenye jambo la kuonwa.

Tonge ni sawa, endelea kulitoa mpaka utakapofika. Ila usikizoee.

Mama mkwe wako,
Evodia


Mitundu,
21 Mei 2025

Mama mkwe,

Shikamoo. Salamu za afya nimezifupisha kwa sababu afya yenyewe ndiyo habari.

Siji. Naomba usome mpaka mwisho kabla hujakasirika.

Nina mimba, mama. Sikukwambia kwa sababu zile mbili za kwanza nilikwambia mapema, tukafurahi, halafu ukaja na gari la usiku kunikanda. Zote mbili zilitoka mwezi wa tatu. Safari hii niliapa sitamwambia mtu ila Joshua, nikamwambia wakati wa Pasaka. Mwezi wa tatu umepita. Rukaiya, jirani yangu aliyekuwa mkunga wa zahanati, amenipima kwa mikono yake na anasema mtoto amekaa pazuri. Hajawahi kuniambia hivyo.

Tena nimekumbuka jambo. Asubuhi ya kuondoka, Joshua aliomba mafuta ya alizeti. Akasema tumbo langu limekauka, akanipaka. Mkono wake ukatulia pale muda mrefu, anatazama mlango. Nilidhani ni mapenzi. Sasa najua alikuwa anafanya nini, na bado nasema yalikuwa mapenzi.

Kimekaa wima, mama. Kila nikiamka natazama kabla sijaweka mguu chini, na kila siku kimekaa wima. Wewe unasema kinaona tu. Mimi nasema kinashika. Ningekuwa na hakika kwamba kinaona tu, ningepanda basi kesho. Lakini nani ana hakika hiyo? Marehemu baba hakuwahi kuwa na mimba.

Niite mchoyo, nitaitika. Akina Marko wana macho na wana nyundo, wagonge magogo yao wenyewe wasikie kama ni mazima. Mwanangu hana nyundo.

Nimeandika hivyo na sitafuta, ingawa nimelia baada ya kuandika, maana namjua mama yake Marko, na Joshua ni mume wangu. Nakuomba umzuie asishuke. Wewe ni mama yake, wewe anakusikiliza. Mwambie alime, afyatue tofali, afanye lolote la juu ya ardhi mpaka nijifungue Novemba. Baada ya hapo nitakileta kwa miguu yangu.

Mkweo anayekuheshimu hata akikataa,
Lea


Sekenke,
10 Juni 2025

Mwanangu Lea,

Marahaba. Upepo wa huku umeanza kuchuna ngozi, tunapepeta uwele na kumeza makapi. Mimi natembea.

Nimechelewa kujibu kwa sababu kila nikishika kalamu nilikuwa na maneno mawili yanagombana nani atangulie. Nimeyaacha yagombane mpaka yamechoka. La kwanza ni hili: nimefurahi. Nilifunga mlango nikapiga vigelegele mdomo nimeuzika kwenye mto wa kitanda, nikawa kama kichaa. Mungu amshike huyo mtoto.

La pili ni la mumeo. Nilikuwa nafua shati lake nikakuta kitambaa mfukoni, kimejaa masizi na mafuta. Nikakiweka mezani kando ya sahani yake. Alikula chakula chote bila kukitazama, kisha akasema. Amekichora, Lea. Amechora Kigoda kwenye gogo la tatu kwa masizi ya chungu na mafuta ya alizeti. Amekichora vizuri, hilo simnyimi. Ndiyo sababu Marko anasema kimetulia. Mchoro hauwezi kulala.

Nilimwambia maneno ambayo sitaki kuyaandika. Nikamwambia asishuke tena. Akasema, "Mama, wakijua hakipo, wataondoka wote leo hii, na duara likikaa msimu bila watu, kijiji kitawapa wengine. Na uwele umeuona mwenyewe." Anasema kila asubuhi anatangulia yeye kushuka, anagonga gogo moja moja, na jioni anatoka wa mwisho. Anasema ni mpaka Novemba tu. Kila mtu siku hizi ananitajia Novemba kama vile ni kesho kutwa.

Sasa kuna jambo unapaswa kulijua, maana sipendi kukaa na mtu gizani. Siku nilipomzaa Joshua, baba yake alininong'oneza jina la kile kitu. Jina lenyewe, si hili la Kigoda tunaloandika. Mtu wa damu akilitamka kwa sauti, au mama wa mtu wa damu, kinamjia popote kilipo na kinapaacha pale kilipokuwa kimekaa. Nikilitamka hapa jikoni, kitakuwa kimeondoka kwako kabla hujameza mate. Joshua naye analijua.

Nimesimama kwenye jiwe la kusagia na jina hilo mdomoni. Si mara moja. Mama yake Marko alinipa mkono kanisani, akaniuliza mbona nimekonda, na nilikaribia kulitamka palepale katikati ya wimbo. Nimelimeza. Nakuchukia kidogo kwa kunifanya nilimeze, na kesho yake nakupenda tena. Nakwambia ili ujue una mkwe wa namna gani.

Kama kitalala, nipigie simu. Sema neno moja tu, "kimelala," usiongeze. Mimi nitajua la kufanya. Nasema hivyo ili upate usingizi. Sijui la kufanya hata kidogo.

Mama mkwe wako,
Evodia


Mitundu,
3 Julai 2025

Mama yangu,

Shikamoo, shikamoo, shikamoo. Nakuandikia mchana huuhuu nikiwa bado kitandani, utanisamehe mwandiko.

Ulipopokea simu asubuhi na kusema "Nimesikia," halafu ukakata, nilibaki nimeshika simu kama mjinga. Nilikuwa nimeamka nikakuta kimelala. Kimelala kabisa, mama, miguu mitatu imeelekea kushoto. Nikamwita Rukaiya. Akanilaza chali, akaniwekea mto chini ya miguu, akakaa kitandani ameshika mkono wangu anasoma dua zake, nami nasema zangu.

Sikujua kinalala kwa ajili ya nani. Kwa mtoto au kwa Joshua? Nilijua kwamba wewe unaweza kukiita. Nililala pale nikitazama tumbo langu, nasubiri kiondoke. Nilijiambia mama akikiita simlaumu. Nilikuwa najidanganya. Ningekulaumu mpaka naingia kaburini.

Hakikuondoka. Nililala hivyo mpaka jua likaingia dirishani, na kabla ya saa sita kikasimama. Hakikujikokota. Kilisimama mara moja, kama mtu aliyetuliwa mzigo. Na mama, palepale mtoto akacheza. Ni mara ya kwanza. Rukaiya aliweka mkono akacheka mpaka akatoa machozi, akasema huyu ni mchimbaji.

Asante kwa kutokiita. Najua uliogopa, najua ulikuwa na jina mdomoni, na ulinihurumia. Sitalisahau hili. Nimejaribu kukupigia, hupatikani. Joshua naye hapatikani, nadhani mtandao wa huko umekwenda na upepo. Rukaiya ameichukua simu yangu aichaji kwake, kwangu umeme umekatika.

Mwambie Joshua mwanawe amempiga mama yake teke. Mwambie akiwa wa kiume tumwite Abraham, na akiwa wa kike achague yeye, ila asichague jina la shangazi yake yule mkali.

Mwanao,
Lea


Sekenke,
7 Julai 2025

Mwanangu Lea,

Salamu nitazitoa mwisho.

Aliyekuletea barua hii ni Marko. Nilimwagiza asikukabidhi mpaka umekula chakula ukamaliza, na mpaka Rukaiya awe amekaa karibu yako. Basi ukisoma hapa, umekula, na Rukaiya yupo. Mshike mkono.

Joshua ametutoka. Ametutoka Alhamisi, duarani, kabla ya saa sita.

Rukaiya anajua tangu siku hiyo. Ni mimi niliyempigia nikamwomba aichukue simu yako, aseme lolote atakalosema. Usimkasirikie. Na umeme wako haukukatika, alikuzimia yeye swichi.

Nitakueleza yote, maana ukisikia kwa watu watakuongezea. Uliponipigia nilikuwa napepeta. Nilitupa ungo nikakimbia mlimani na goti hili. Nilifika mdomoni mwa duara nikapiga kelele watoke. Marko akajibu kutoka chini, "Mama, tulia, kipo, kimekaa wima." Nikapiga kelele tena. Wakacheka kwa heshima, unavyojua vijana wanavyomcheka mama. Walikuwa wanaamini walichokiona gogoni.

Ndipo nikamsikia Joshua. Akawaambia, "Hicho nimekichora mimi. Tokeni." Nikasikia kokoto zinadondoka. Halafu Marko akamtukana, akapanda kamba wa kwanza, na wengine wakafuata. Joshua alibaki chini anawashikia kamba wenzake. Alisema yeye ndiye aliyewashusha, atatoka wa mwisho.

Nilikuwa na jina mdomoni, Lea. Nilikuwa nimefungua kinywa. Nilijiambia nikikiita labda kitakaa kwenye mkono wangu, nitaubandika kwenye ukuta wa duara, kitashika. Joshua aliniona kutoka kule chini, mimi niko kwenye mwanga. Akasema, "Mama, usiite. Nakuja." Marko alimsikia, muulize. Nikafunga kinywa. Maisha yake yote sikupata kumtii mtoto huyo hata mara moja, nilimtii siku hiyo.

Wote saba walitoka. Yeye hakutoka.

Tulimfukua kesho yake. Gogo la tatu lilitolewa limevunjika, na ule mchoro wake uko palepale, umekaa wima. Marko alitaka kulichoma moto. Nimelikataza, liko nyuma ya nyumba, sijui la kulifanyia.

Ningekiita, labda kingeshika, ningekuwa na mwana. Au marehemu baba yake alisema kweli, kinaona tu, na ningewapoteza wote wawili kwa asubuhi moja. Sijui. Nimeuliza kila ninayeweza kumuuliza, wanaonijibu haraka ni wale wasiojua kitu.

Tumemzika Jumamosi bila wewe. Hilo nimeliamua mimi na nitalijibu mimi. Wajomba walisema kaburi halifukiwi mke hajatupa udongo. Niliwaambia barabara ile na hiyo mimba haviendi pamoja, na habari yenyewe na hiyo mimba haviendi pamoja mpaka nitakapoona namna ya kukuambia. Wakasema namnyima mwanangu haki yake. Nikatupa udongo mara mbili, moja yangu, moja yako. Kama unanichukia kwa hilo, nichukie. Una haki. Ila usije. Usipande basi. Watasema maneno mengi juu ya mjane asiyekuja msibani, waache waseme, maneno hayaporomoshi mtoto.

Barua yako ya Alhamisi ilinifikia jana. Ramila mwenyewe aliileta alipokuja kunipa pole, akijua tu kwamba ni ya kwako. Nimeisoma nimekaa mkekani katikati ya watu, wakadhani ni rambirambi, wakanishika mabega. Nimesoma kwamba kilisimama kabla ya saa sita kama mtu aliyetuliwa mzigo. Ndiyo saa yenyewe. Nimesoma kwamba mtoto alicheza. Nimesoma asante yako. Nikaikunja nikaiweka kifuani, na nilimchukia mjukuu wangu, Lea. Nilimchukia kutoka hapo mpaka walipomaliza kuosha masufuria. Naandika ili lisije likakaa ndani yangu likaoza. Leo asubuhi niliamka nikajikuta natafuta kitenge kikuukuu, kile laini, cha kumbebea.

Marko amekwambia nini mpaka sasa, sijui. Amekasirika na haki yake. Lakini nilipotafuta mtu wa kuja kwako alinyoosha mkono yeye, kabla sijamaliza kusema. Mpe chakula naye.

Endelea kukipa tonge. Hata kama huna hamu ya kula, mega, kigusishe, kisha ule lililobaki kwa ajili yake. Usimwite Joshua, huyo mtoto, nakuomba. Jina hilo sitaweza kuliita nikitaka aniletee maji.

Kila Ijumaa mpe Paskali kikaratasi, uandike tu kimekaaje. Nitakuwa nakwenda mwenyewe mpaka dukani kwa Ramila kukichukua.

Sasa salamu. Hujambo, mwanangu? Mimi mzima, hofu ni kwako.

Bibi yake,
Evodia